Mfamasia Hafi, Haamki

Jumatatu, 20 Septemba 1999

Leo tumeanza msimu wa nne wa tamthilia, nami nimefungua daftari hili kwa sababu sina maneno ya kukariri. Mwaka wa kwanza nilikuwa na kurasa tisa kwa siku. Leo nimepewa mswada wa wiki nzima, nikalitafuta jina langu kwa kalamu nyekundu kama nilivyozoea tangu ujana. Nimelikuta mara kumi na moja, na kila mara limefuatwa na maneno yale yale: "Renzo amelala. Hana fahamu."

Mwezi wa sita, kabla ya likizo, Renzo mfamasia alianguka kutoka ngazini akiteremsha chupa za dawa. Nilidhani ni mbinu ya kuwatia watazamaji hamu wakati wa kiangazi, kisha nitaamka. Kumbe. Leo wamenilaza saa tatu asubuhi, bandeji kichwani, mpira puani, wakaniinua saa kumi na moja jioni.

Assuntina, mpambaji wetu, Mnapoli mwenye mikono ya baridi, aliniinamia akauliza, "Maiti wangu mzuri, poda kidogo au nyingi?"

"Mimi si maiti. Mimi mgonjwa."

"Mgonjwa hulalamika. Wewe umeajiriwa kunyamaza."

Mwandishi ameniahidi ni wiki mbili tu.

Jumanne, 21 Septemba

Nimelala.

Ijumaa, 24 Septemba

Nimelala. Katika picha ya saba pua iliniwasha. Sikuikuna. Miaka thelathini na minne ya kazi imenifikisha hapa: kutokukuna pua mbele ya kamera tatu.

Jumatano, 29 Septemba

Asubuhi nilikwenda kununua mkate. Bi Elide, jirani yangu wa ghorofa ya chini, mjane wa miaka themanini, alikuwa ameniwahi kwenye foleni. Aliponiona akapiga ishara ya msalaba.

"Daktari!" Ndivyo wazee wanavyomwita mfamasia. "Umetoka hospitali?"

"Bi Elide, mimi ni Fulvio. Fulvio Bertacchi. Mwezi uliopita nilikutengenezea bomba."

"Najua, mwanangu, najua," akasema, akinipapasa mkono. "Lakini usisimame sana. Kichwa si kitu cha mchezo."

Akanitia mfukoni picha ya mtakatifu anayewaombea wenye maradhi ya kichwa. Mwokaji naye akanikataza kubeba mfuko.

Sikuwahi kuwa na jina. Nilikufa mara kumi na saba katika filamu za farasi na bastola, na mara zote nilianguka kabla ya nusu saa ya kwanza. Baadaye nikawa polisi anayefungua mlango, padri anayebariki jeneza, mume anayedanganywa. Nikaingiza sauti yangu kwenye midomo ya wageni wenye sura nzuri kuliko mimi. Watu waliniangalia barabarani wakikunja nyuso, kama mtu anayetafuta alipoacha miwani. Sasa nimepata jina, na si langu.

Jumatatu, 4 Oktoba

Mvua kubwa ya kwanza. Paa la studio yetu ni la bati. Ikinyesha, fundi wa sauti huinua mkono na kila mtu husimamisha kazi, wanakwenda kunywa kahawa. Mimi siwezi kuondoka, maana mirija imenifunga kitandani na kuifungua na kuifunga upya ni nusu saa. Basi wananiacha. Nimelala peke yangu chini ya taa zilizozimwa, nikisikiliza mvua kwa dakika arobaini.

Nilipofika nyumbani simu ilikuwa inalia. Ivo Zanchetta! Mara ya mwisho kuniongoza ilikuwa mwaka sabini na mbili, niliposhika sinia katika filamu yake. Sasa ana miaka sabini, na kwa miaka kumi na minne hakuna aliyempa kamera.

"Fulvio, uko hai?"

"Inategemea unamuuliza nani."

Amepata fedha za filamu moja ndogo. Ni habari za mvushaji mzee wa kivuko cha kamba kwenye mto Po, kule Polesine, ambaye daraja linajengwa mbele ya macho yake. Mvushaji yumo katika kila picha, tangu ya kwanza hadi ya mwisho.

"Nimeandika nikiiona mikono yako," akasema. "Nataka ukungu, na ukungu haumngoji mtu. Tunaanza tarehe nane Novemba."

Nikasema ndiyo kabla hajamaliza. Kisha nikakaa kitini na koti langu lililolowa, nisiweze hata kulivua.

Alhamisi, 7 Oktoba

Nimekwenda kwa Bi Tiraboschi, mtayarishaji. Mkataba wangu unaisha Desemba, na hadi hapo siruhusiwi kazi nyingine, wala kunyoa nywele, wala kunenepa, wala kuchomwa na jua.

"Nimelala tu," nikamwambia. "Mlazeni mtu mwingine. Kichwa chote kina bandeji."

"Pua yako inajulikana, Bwana Bertacchi."

"Basi niamsheni."

"Tangu ulale, watazamaji wameongezeka. Magazeti yanauliza kama utaamka. Nikikuamsha nimejibu swali."

"Basi niueni."

Akacheka, akadhani natania. "Wewe ndiye moyo wa hadithi."

"Moyo usiopiga."

"Unapiga," akasema, akichukua simu yake. "Tuna mashine pale inayoonyesha."

Jumanne, 12 Oktoba

Nimelala. Mvua. Wiki mbili za mwandishi zimekuwa tatu na siku moja.

Mirella Cantalupo, anayeigiza mke wangu Ada, sasa ana kurasa sita kwa siku, zote pembeni ya kitanda changu. Kwa miaka minne nimemjua kama mwanamke wa kuuliza tu taa ya kumulika uso wake iko wapi. Ananishika mkono kwa nguvu kuliko inavyohitajika, pumzi yake inanukia mnanaa, na akilia machozi yake hunidondokea sikioni. Yanabaki humo hadi mwongozaji aseme basi.

Jumatatu, 18 Oktoba

Nimelala. Ivo amepiga simu. Nimemwambia nashughulikia. Nashughulikia nini, nikiwa nimefumba macho?

Jumatano, 20 Oktoba

Lazima niandike hili japo linaniudhi. Ukifumba macho siku nzima huwezi kudanganywa na uso wa mtu, unabaki na sauti. Leo Mirella alimsimulia mumewe jinsi alivyoshindwa kufungua duka asubuhi, jinsi ufunguo ulivyokataa. Maneno yenyewe ni ya kijinga. Lakini katikati alinyamaza, na katika ule ukimya nikasikia anafikiri. Haigizi kufikiri, anafikiri kweli. Mwili ukanisisimka, nikaomba kamera isione.

Amekuwa hivi tangu lini?

Ijumaa, 22 Oktoba

Sasa najua kwa nini siamki.

Assuntina alikuwa ananitoa bandeji. Nikamwambia mwandishi ni mwongo, aliniahidi wiki mbili. Akavuta pamba pole pole, akasema, "Mwandishi alikuwa amekwisha kuandika. Uliamka ukurasa wa tatu, wiki ya tatu. Niliuona kwa macho yangu."

"Kisha?"

"Kisha mkeo akapanda ghorofani."

"Mke gani? Mimi mke wangu aliniacha mwaka themanini na moja."

"Huyu wa hapa. Mirella. Alikaa na waandishi saa nzima, akatoka macho mekundu. Kesho yake kurasa zikabadilishwa. Sikutaka kukwambia, lakini nakuona unavyokonda, na mimi ndiye ninayepaswa kukujaza mashavu kwa rangi."

Nilitoka bila kumuaga mtu. Mto Tevere umejaa, una rangi ya kahawa ya maziwa, unachukua matawi na viti vya plastiki. Nilisimama darajani nikavitazama vinavyokwenda zake.

Jumatatu, 25 Oktoba

Nimeweka sahihi.

Nilimwambia Bi Tiraboschi: niue, nami nitaachia vyote. Msimu ujao mlionitajia, siudai. Kurudi kama pacha, kama mzimu, kama kumbukumbu, sitaki. Mkinionyesha tena miaka ishirini ijayo sitadai malipo. Na ninyi mtapata kifo kabla ya Krismasi, taifa zima likiwa nyumbani.

Hapo hakucheka. Akatazama kalenda. Wataniua Ijumaa ya tarehe kumi na mbili Novemba. Nimempigia Ivo, amekubali kusogeza hadi tarehe kumi na tano. "Siku saba nitapiga picha za mto mtupu," akasema. "Mto haunung'uniki."

Nilipokuwa mlangoni Bi Tiraboschi alifunga jalada, akasema kama anayemalizia orodha ya sokoni: "Na Ada tutampeleka Argentina kwa dada yake baada ya mazishi. Mjane hana kazi kwenye hadithi."

Nikasema, "Sawa."

Naandika neno hilo ili nilione. Nilisema sawa. Nikashuka ngazi nikipiga mluzi.

Jumanne, 26 Oktoba

Mirella amepata habari asubuhi. Alinikuta kwenye chumba cha kupambiwa, kitambaa shingoni. Assuntina akakumbuka ana kitu cha kuchukua mahali.

"Hongera kwa kifo chako," Mirella akasema.

"Hongera kwa maisha yangu uliyoyafungia kitandani."

Akaketi. Hakujitetea, jambo lililoniudhi zaidi.

"Ni kweli. Niliwaomba wakuache ulale."

"Nina filamu, Mirella. Ya kwanza kuwa yangu. Nina miaka hamsini na saba, nimekuwa nikifungua milango wapite wengine, na wewe—"

"Sikujua habari za filamu. Ungeniambia ningejua. Umewahi kuniambia neno kwa miaka minne, nje ya yaliyoandikwa?"

Nikaanza kufungua kitambaa shingoni.

"Mimi nilikuwa niondoke Oktoba," akaendelea. "Argentina ilikuwa tayari. Ukiamka, mimi nakwenda, waje na mwuguzi kijana wa kukupenda. Ndivyo ilivyokuwa imeandikwa. Nikawaambia, nipeni wiki chache na mtu aliyelala. Nitawaonyesha."

"Kwa nini mimi niliyelala?"

"Kwa sababu nimeigiza na waume ishirini, Fulvio, na wote walikuwa wakingoja nimalize ili waanze wao. Wewe pia. Unajua unafanya nini mtu akizungumza nawe kwenye kamera? Unahesabu. Midomo yako inatikisika kidogo. Mwaka mzima wa kwanza nilidhani unasali."

Nilitaka kumtukana. Badala yake nikaona aibu, maana ni kweli, nahesabu. Nilianza kuhesabu kwenye filamu za farasi ili nijue lini nianguke.

"Na hizi wiki?" nikauliza.

"Hizi wiki umenisikiliza. Hukuwa na njia nyingine, lakini umenisikiliza." Akasimama, akajitazama kiooni, akafuta wanja uliomwagika. "Watu wananiandikia barua sasa. Mimi! Mwanamke mmoja wa Ferrara, mumewe yuko hivyo kweli, ananiandikia kila wiki. Basi. Nenda ukafe vizuri."

Kisha tukaitwa. Nikalala. Akanishika mkono kwa nguvu ile ile.

Jumatano, 27 Oktoba

Nimelala. Mvua.

Jumanne, 2 Novemba

Siku ya kuwaombea marehemu. Bi Elide ameniombea mimi pia, "tahadhari tu, Daktari."

Ijumaa, 5 Novemba

Nimekwenda kwa mwandishi. Nimemsihi amwachie Ada duka. Ana miaka thelathini, ananiita mzee wangu, na hanitazami usoni. "Mzee wangu, sina mamlaka. Argentina imekwisha kupitishwa."

Nikarudi kwa Bi Tiraboschi. Hakunipokea. Katibu wake akasema nimekwisha kupewa nilichotaka, na ni kweli.

Jumatatu, 8 Novemba

Nimelala. Leo ndiyo siku ambayo Ivo alikuwa aanze. Nimefumba macho nikajaribu kuona ukungu. Nimeona wekundu wa taa tu.

Alhamisi, 11 Novemba

Nimepewa ukurasa wa kifo changu. "Renzo amelala. Mashine inanyamaza. Ada anaelewa." Mistari mitatu. Sifumbui hata jicho. Nimefunga sanduku. Sijisikii kama mtu anayetoka kifungoni. Najisikia kama mtu aliyeufunga mlango kwa nje na kumwacha mwenzake ndani.

Ijumaa, 12 Novemba, ndani ya treni

Treni inautikisa mkono. Niandike kabla sijasahau.

Asubuhi anga ilikuwa safi, bati kimya. Mwongozaji akatutangazia kuwa tutapiga mara moja, labda mbili, maana saa nane mafundi wanavunja wodi ili wajenge kanisa la mazishi yangu. Kweli, seremala mkuu alikuwa amekwisha kulegeza ukuta wa dirisha, ameushikilia kwa bega.

Assuntina akanipaka rangi ya mwisho. "Hii sikuifanyia haraka," akasema, akanibusu paji la uso juu ya bandeji.

Nilikuwa sijapanga kitu. Naapa. Mirella akaketi, akanishika mkono. Kamera zikaanza. Akasema maneno yake machache, jinsi wateja wanavyoulizia hali yangu, jinsi alivyofunga duka mapema tena. Nikamsikiliza, wala sikuhesabu. Mashine ikaanza kupunguza mapigo, na kabla haijanyamaza nikafumbua macho.

Nilisikia mtu nyuma ya taa akivuta pumzi. Mirella alikuwa karibu mno, wanja wake umekwisha kumwagika. Hakushtuka kama waigizaji wanavyoshtuka. Alikaa tu.

"Ada," nikasema. Sauti ilikuwa na kutu ya wiki nane, sikuhitaji kuigiza. "Duka ni lako sasa. Usilifunge. Kesho fungua saa mbili kamili, watu wasikute mlango umefungwa."

Sekunde moja. Mbili. Kisha yeye, bila kuuachia mkono wangu:

"Saa mbili? Miaka yote hii wewe unafungua saa mbili na nusu."

Nikacheka. Si Renzo, mimi. "Ndiyo maana wateja walitukimbia," nikasema.

Akacheka pia, akiwa analia. "Nitafungua saa mbili," akasema. "Nenda."

Na mimi nikafumba macho. Fundi wa mashine, mwenye akili zake, akaiacha inyamaze.

Hakuna aliyesema basi. Mwongozaji alikuwa ameweka mkono mdomoni. Ndipo tukasikia viatu vya Bi Tiraboschi vikishuka ngazi.

"Hilo halikuandikwa! Tunarudia!"

Nyuma yake kukatokea kishindo. Seremala mkuu alikuwa ameachia bega, na ukuta mzima wa dirisha ulikuwa chini, vumbi tupu.

"Samahani, mama," akasema, akijifuta mikono taratibu. "Nilisikia kazi imekwisha."

Bi Tiraboschi akanigeukia. "Maneno hayo nitayakata. Nitaweka uso wa mashine na muziki. Unanisikia?"

Nilikuwa nimekufa, sikujibu.

Mirella alinikuta kwenye ujia, sanduku mkononi. Akaniweka sawa kola ya koti, akapiga bega langu kama mtu anayekung'uta vumbi. "Treni," akasema.

Jumatatu, 15 Novemba, Polesine

Ukungu kweli. Sioni ng'ambo ya mto. Ivo amezeeka, anatembea na fimbo, anapiga kelele kama zamani. Picha ya kwanza ilikuwa mimi kuvuta kamba, kivuko kikiondoka ukingoni. Tumeirudia mara kumi na tatu.

"Fulvio! Macho!" Ivo akapaza sauti. "Kila nikisema tuanze, unafumba macho!"

Ni kweli. Mwili umejifunza. Kamera ikianza kunguruma, mimi nalala.

Alhamisi, 18 Novemba

Viganja vimechubuka. Macho yanabaki wazi, ila mgongo unataka godoro.

Jumanne, 23 Novemba

Leo nimevuka mto mara tisa. Mara ya tisa nilisahau kamera. Ivo akanipa nusu ya mkate wake wenye nyama.

Ijumaa, 10 Desemba

Siku ya kufa kwangu hewani. Kijiji kizima kinajua mimi ni nani. Wakati wa kahawa ya mchana Ivo akasimamisha kazi, twende sote baa ya kijiji, penye televisheni juu ya jokofu. Wazee walikuwa wanacheza karata. Mwenye baa, Bi Norina, akawanyang'anya.

"Mtacheza akishafariki," akasema. Kisha akanivutia kiti cha mbele. "Kaa hapa, Daktari, uone vizuri."

Nilishika ukingo wa meza. Nikajiona nimelala. Nikaiona mashine. Nilingoja muziki, nilingoja wafiche midomo yetu kama alivyoapa. Lakini yale macho yalifumbuka, yangu, makubwa kuliko nijuavyo, na baa nzima ikasema "oh!" Wamekiacha chote, hata kicheko.

Kulipokwisha, wazee walivua kofia. Mmoja alinipa mkono kwa heshima zote, akasema pole sana. Bi Norina alipangusa macho kwa aproni.

"Wewe ulikuwa sawa," akaniambia, akinimiminia kikombe bila kuombwa. "Lakini huyo mke! Huyo ndiye nitakayemtazama. Akifunga lile duka nitawaandikia barua."

Jumapili, 19 Desemba

Filamu imebakiza siku nne. Ivo anasema itaonyeshwa kumbi tatu, nne tukibahatika. Mimi sina kazi baada ya hapo, wala sina pa kurudi.

Bi Norina amenipigia kelele kutoka baa, kuna simu yangu. Ilikuwa Mirella. Laini ilikuwa mbaya, alikuwa anazungumza kwa haraka kama mtu aliyekimbia.

"Barua zimejaza ngazi," akasema. "Argentina imefutwa. Tiraboschi anatembea akisema wazo lilikuwa lake."

"Na wewe?"

"Mimi nimesimama hapa na koti lako jeupe la mfamasia. Wamenipa, naanza kesho nyuma ya kaunta. Mikono yake ni mirefu, Fulvio, inanifunika vidole. Assuntina ananifuata na pini mdomoni."

"Mwambie asikate. Akunje tu."

"Hapana," akasema. "Nimemwambia akate."